Sumu Isiyotoka kwa Maji

Siku ya kwanza ya kazi walinipa ndoo yenye kifuniko, glavu za mpira, na vyura. Hakuna aliyeniuliza kama nimesoma. Nilikuwa nimeacha shule ya ba-Père, mapadre wa Kizungu, katika darasa la tano, baba alipoumia mgongo kiwandani, na nilikuja hospitali ya Kampuni ya shaba hapa Likasi, Katanga, nikitegemea kupewa ufagio. Miaka ya sabini ilikuwa ndiyo inaanza. Bado tulikuwa tunaitana kwa majina ya ubatizo, bado hatujaamriwa kuitana citoyen, yaani raia. Mkuu wa laboratwari alikuwa Mzungu mrefu, mwembamba, tuliyemwita Monsieur Chimiste. Hata mke wake alimwita hivyo mbele yetu.

Alinishika mikono, akaigeuza pande zote mbili kama mtu anayetazama meno ya mbuzi sokoni.

"Iko na kidonda?"

"Hapana, Monsieur."

"Unaogopa chula?"

Chula ndiyo chura katika Kiswahili cha kwetu. Nilijibu siogopi, na hapo nilidanganya. Nyumbani nilikolelewa chura ni mnyama wa mulozi, mchawi. Akiingia jikoni, mama anamwondoa kwa koleo la moto na halafu anaomba.

"Bon," akasema. "Ukiogopa utamubana. Ukimubana, ataachia maziwa yake, na utajua kwa nini mama yako alikuwa na haki ya kuogopa."

Ninyi vijana mnaona leo mwanamke ananunua kijiti cha karatasi dukani, anajua kama ana mimba. Wakati wetu alijua kwa chura. Tulichukua mkojo wa mama, tukauchuja, tukamdunga chura dume chini ya ngozi ya mgongo, pale palipo na mfuko wa maji ya mwili. Mkojo wa mwenye mimba una homoni, yaani ujumbe ambao kiungo kimoja cha mwili kinakitumia kingine. Ujumbe ule unamdanganya chura. Anaona msimu wa majike umefika, anaachia mbegu. Baada ya kungoja kidogo unavuta tone la mkojo wa chura kwa bomba la kioo, unaliweka chini ya darubini. Zikiwepo mbegu zinaogelea, mama ana mtoto. Zikikosekana, mama anarudi nyumbani kama alivyokuja. Yule chura unampumzisha kwenye sanduku lenye udongo wa maji, mwingine anaingia kazini.

Kazi yangu ilikuwa kuwatafuta, kuwalisha, kuwaosha na kuwashika. Kamioni ya Kampuni iliponda vumbi mpaka Tshangalele, kwenye vijiji vya wavuvi, nami nikashuka na ndoo huku wavuvi wakinicheka. Nilipokosa pale nilikwenda Koni, kwenye kambi ya mitambo ya umeme, kwa sababu taa za Koni ziliita wadudu, na wadudu waliita vyura.

Pale Koni ndipo nilipomjua Kabanga. Alikuwa fundi wa mitambo, mtoto wa Kasai aliyezaliwa hapa hapa Likasi, baba yake aliletwa na reli zamani kuchimba. Mara ya kwanza kuniona nimeinama chini ya taa alisimama nyuma yangu, akaita wenzake.

"Kuyeni muone. Kampuni inalipa muntu mushahara wa kuchunga chula. Kesho watamupa fimbo na filimbi."

"Weye unachunga maji," nikamwambia. "Maji inakimbia na haikuoni."

Alicheka mpaka akakaa chini. Tangu siku ile aliniita Monsieur Chula, nami nilimwita Papa Maji, ingawa tulikuwa vijana wote wawili.

Mchana, kazi ya mkojo ikiisha, Monsieur Chimiste alifanya kazi nyingine aliyoipenda kuliko ile ya mshahara wake. Nyuma ya macho ya chura kuna vinundu viwili vilivyovimba kama maharagwe yaliyolala majini. Hizo ni tezi, na jina lake ni parotoidi. Ukizibonyeza kwa vidole viwili yanatoka maziwa meupe, mazito kama utomvu wa mpapai. Tuliyakamulia kwenye kipande cha kioo, tukayaacha yakauke mpaka yakawa kama gundi ya kahawia. Siku moja nilisema, "Monsieur, sumu imekauka."

"Sumu ni neno la sokoni," akanijibu. "Hapa kila kitu iko na jina lake. Jina likikosewa, muntu anakufa. Unaishi wapi?"

"Kwenye kambi ya wafanyakazi, Monsieur."

"Nyumba ngapi zinashikana ukuta?"

"Ine."

Akachukua chaki, akachora ubaoni nyumba ine, yaani nne, zinazoshikana: tatu zenye pembe sita, ya mwisho yenye pembe tano. "Hii njo steroidi," akasema. "Mwili wako iko nayo. Mafuta ya damu, homoni ya mwanaume, homoni ya mwanamke, yote imejengwa juu ya nyumba hizi ine. Sasa ngoja." Akaongeza jiko nyuma ya nyumba ya pembe tano, jiko la pembe sita, na pande zake mbili akazichora kwa mistari miwili miwili. "Nyumba ine na jiko hili, inaitwa bufadienolidi. Bufo ni chula kwa Kilatini. Die ni mbili, pande hizi mbili zenye mistari miwili."

Nilirudia mpaka ulimi ukazoea. Bufadienolidi ikiwa peke yake iliitwa bufogenini; wengine, alisema, wanaiita bufagini. Ikishikishwa mkia mrefu upande mmoja inaitwa bufotoksini. Na kuna bufotenini, ambayo inatoka katika maziwa yale yale lakini haina nyumba ine hata kidogo, ni ya ukoo mwingine. "Wanakaa kiwanja kimoja," alisema, "si ndugu." Halafu akanionyesha dawa ya digitali, ile infirmier, muuguzi, aliyowapa wazee wenye moyo dhaifu. Ile inatoka kwenye ua, siyo kwa mnyama, lakini nayo ina nyumba ine, jiko lake tu ni la pembe tano. Ni majirani. Kidogo inausaidia moyo, nyingi inausimamisha.

Nilipomweleza Kabanga haya alinisikiliza vizuri kuliko mtu yeyote. Nilimwambia kwamba moyo una pampu ndogo ndogo za kutoa chumvi, na bufotoksini inazishika zisigeuke.

"Kama jiti kwenye turbine," akasema.

"Kama jiti kwenye turbine."

"Na maji yanaendelea kuya."

"Yanaendelea."

Akarudi kwenye mitambo yake bila kunitania.

Kitu kimoja nilikishuhudia wakati ule, nakiweka hapa kwa sababu ndicho kilichobeba mambo yote yaliyofuata. Monsieur Chimiste alichukua gundi ile kavu, tukailoweka, tukamwaga maji, tukailoweka tena. Tukachemsha. Kila mara aliniambia nigusishe punje ndogo kwenye mdomo, niteme, nisukutue. Kila mara mdomo ulikufa ganzi. Ndipo akaiweka ndani ya alkoholi, na alkoholi ikaichukua. "Mama zenu wanaloweka muhogo muchungu, sumu yake inatoka na maji," alisema. "Hii si muhogo. Haiogopi maji, haiogopi moto."

Kabanga alikuwa na pacha wake, Mbuyi. Kwa Waluba wa Kasai pacha wa kwanza ni Mbuyi na wa pili ni Kabanga, kwa hiyo yeye dada ndiye mkubwa, na hakuacha kumkumbusha. Siku moja Mbuyi alikuja hospitali na chupa ya mkojo wa shangazi yake, imefungwa ndani ya leso tatu kama mafuta ya ubatizo. Akaniona nina chura mkononi, akaweka chupa chini, akarudi nyuma mpaka mlangoni.

"Njo weye Monsieur Chula?"

"Njo minye," nikasema, ndiyo kusema ni mimi.

"Kaka yangu anasema uko muntu muzuri. Hakusema unanuka hivi."

Tulifunga ndoa kwenye misheni. Mzee Ntumba, baba yao, alikubali mkwe wa Katanga bila maneno mengi, maana wakati ule Likasi watu walioana kutoka pande zote, na aliyekuuliza kabila alikuwa anatafuta ugomvi. Na Mbuyi alipoona dalili zake, ni mimi niliyemdunga chura kwa mkojo wake. Monsieur Chimiste aliondoka kwenye kiti cha darubini, akaniambia, "Tazama mwenyewe." Niliinama. Mbegu zilikuwa zinaogelea nyingi, nyingi, kama watu wanaotoka kiwandani saa ya king'ora. Hiyo ndiyo habari ya kwanza niliyopata ya binti yetu Kapinga, na mpaka leo nikitaka kulala nafumba macho, naitazama tena.

Halafu ikaja Zairianisation, amri ya serikali ya kutwaa mali na vyeo vya wageni. Monsieur Chimiste akafunga masanduku. Ubao aliuacha na nyumba zake ine, na hakuna aliyeufuta. Aliyemfuata alikuwa Citoyen Chef wa huduma, mtu mpole, ambaye vipimo vipya vilipoletwa kutoka Ulaya aliniita akaniambia kwa huzuni, "Kaumba, chula wamepata pensheni." Niliwarudisha mwenyewe mtoni. Mimi akanipeleka dispensari ya Mwadingusha, kwenye bwawa la umeme, nikafunga vidonda na kupima malaria miaka mingi. Sikulalamika. Mbuyi alilima mchicha nyuma ya nyumba, Kabanga alishuka kutoka Koni siku za mapumziko, tukala tilapia wa Tshangalele mpaka mtoto akakataa samaki.

Aliyenirudisha Likasi, kufagia korido za hospitali, alikuwa Docteur Kilembwe, Médecin-chef, yaani daktari mkuu. Namtaja kwa jina lake kwa sababu kila kitu kina jina lake. Alivaa abakosti, lile koti la wakubwa lisilo na tai, iliyopigwa pasi hata siku ya joto, alisoma ng'ambo, na alijua. Hilo muliweke kichwani: alijua. Akinikuta kwenye korido na jagi la sabuni aliniuliza kwa mzaha, "Kaumba, bufotoksini iko na nyumba ngapi?" Nikajibu, "Ine na jiko, Docteur." "Na mukia?" "Na mukia." Akacheka akapita. Nilimpenda kwa mzaha ule. Nilidhani tumebaki wawili tu Likasi nzima tunaolinda maneno ya Monsieur Chimiste.

Mtu wa pili wa kumtaja ni Kapondo, mkuu wa économat, yaani ghala la Kampuni ambapo wafanyakazi tulichukua posho. Katika miaka ile ya mwisho Kampuni ilikuwa inakufa. Unga ulikuja nusu, samaki wakavu hawakuja. Ndipo Kapondo akaleta magunia ya vyura waliokaushwa kwa moshi. Kuna vyura wanaoliwa, hilo sikatai, wale wakubwa wa majini wenye ngozi laini, na kuna makabila yetu yanayowapenda. Lakini wale wa magunia walikuwa wamekatwa vichwa. Watu walimuuliza vichwa viko wapi.

"Wavuvi wanakulaka vichwa," akajibu. "Weye unataka kichwa cha chula ukifanyie nini, umuvalishe kofia?"

Watu wakacheka, wakachukua. Chura aliyekaushwa akikosa kichwa, zile parotoidi hazipo, na ngozi, ambayo nayo ina maziwa yale kwenye vipele vyake, imekuwa nyeusi kwa moshi, hakuna wa kujua kama ni wa kuliwa au wa sumu. Mama mmoja alisema anasikia mashaka. Kapondo akamwambia mbele ya wote, "Loweka kama muhogo, mama. Sumu yote inatoka na maji." Kabla ya chakula kugawiwa ilikuwa ni lazima Médecin-chef afungue magunia na kuyatazama. Docteur Kilembwe alikuja na gari, akabaki ndani ya gari, akainua kidole kwenye dirisha, akaenda zake. Waliokuwa kwenye foleni walimuona, wakanisimulia baadaye; mimi nilikuwa zamu.

Kabanga alikuwa amefiwa na mke, na siku za mapumziko alishukia nyumba yake ya Likasi, akijipikia mwenyewe. Alipata fungu lake, akaliloweka usiku kucha, akabadilisha maji asubuhi kama tunavyofanya mihogo, akapika na karanga. Mchana nilipotoka kazini nilipita kwake. Mbuyi alikuwa soko la Kikula. Kabanga alikuwa ameshakula, anafuta sahani kwa bukari, ugali wetu.

"Kaa, shemeki. Iko na nyama imebaki."

"Nyama gani?"

"Nyama ya kimya. Kula kwanza, kisha uulize."

Nilitia tonge mdomoni. Mchuzi ulikuwa mtamu, Kabanga alijua karanga. Halafu mdomo ukafa ganzi. Miaka yote ile ilikuwa imepita, lakini mdomo haukusahau. Nikatema chini.

"Kabanga, ni chula gani hii?"

"Ya économat. Niliiloweka vizuri."

"Umekula ngapi?"

Alikuwa anatazama uso wangu. Akasema polepole, "Ni ile ya jiti?"

Nikasema ndiyo. Akatabasamu kidogo, kama mtu aliyefumaniwa. "Lakini niliiloweka," akasema tena.

Nilimshika mkono mpaka hospitali. Njiani alitapika, minye vilevile nilitapika, kwa lile tonge moja. Kitandani mapigo ya moyo wake yalikuwa yanakuja mawili, yanasimama, linakuja moja. Docteur Kilembwe aliitwa. Akamshika kifundo cha mkono, akauliza alikula nini, akaambiwa. Nilikuwa kitanda cha pili, nimelala ubavu, sikuhitaji kusimuliwa na mtu. Alimgeukia infirmier, akasema kwa sauti ya chini, "Bufadienolidi. Fanya kama digitali iliyozidi. Lete atropini." Atropini iliyobaki walimpa Kabanga yote. Docteur alikaa naye, hilo naliandika vilevile, alikaa naye mpaka jasho likapenya abakosti. Kabla ya misa ya asubuhi Kabanga alikufa. Mimi nilipona.

Sasa niwaeleze wasio wa kwetu. Kwenye matanga yetu, maiti ikiwa uwanjani chini ya turubai, kabla hawajaiinua kwenda kaburini, lazima mtu asimame atoe historia ya ugonjwa. Anasema ilianza hivi, tukafanya hivi, daktari aliona hivi, akafa hivi. Familia inasikiliza neno kwa neno. Ikisikia mwanzo na mwisho vinashikana, inazika kwa amani. Ikisikia tundu, inatafuta muntu wa kulijaza, yule aliyemloga marehemu. Na anayetoa historia hawezi kuwa muko, mkwe, hasa yule aliyekula sahani moja na marehemu. Huyo anakaa na kungoja. Ni kazi ya hospitali kama mtu amefia hospitali.

Kwa hiyo nilikaa, Mbuyi amekaa chini karibu na jeneza la pacha wake, Kapinga amemshika mabega. Kapondo alikuja na mbao za jeneza na gunia la unga, kwa jina la Kampuni. Docteur Kilembwe alisimama. Mwili wangu wote ulikuwa unangojea neno moja.

"Mzee Ntumba, ba-mama, ba-papa," akasema. "Mutoto wetu alifika hospitali na moyo wake umechoka. Tulifanya yote. Moyo ulisimama. Bwana ametoa, Bwana ametwaa. Historia njo hii."

Akakaa. Kapondo akaitikia amina.

Mzee Ntumba akainuka polepole. Alikuwa mtu wa kufikiri. Akauliza, "Docteur, moyo wa kijana unachoka na nini?"

"Moyo ni moyo, mzee."

"Alikula nini?"

"Chakula cha kawaida."

"Alikula na nani?"

Docteur Kilembwe akatazama ardhi. Watu wote wakanigeukia mimi. Mjomba wa Mbuyi akasema, si kwa hasira, kama mtu anayesoma kilichoandikwa, "Wamekula sahani moja. Mwenye kuchunga chula ameamka. Mwenye kuchunga maji analala hapa."

Nikasimama. Nikasema ni bufotoksini, ni magunia ya économat, muulizeni Docteur aliyelitaja neno hilo kwa mdomo wake. Mzee Ntumba akainua mkono. "Weye ni muko. Kaa." Nikageuka kwa Docteur. Alikuwa anafunga kifungo cha abakosti. Nikakaa.

Baada ya maziko ndugu za Mbuyi walikuja kumchukua yeye na Kapinga. Mbuyi alikunja nguo zake mwenyewe, hakuna aliyemsukuma. Mlangoni aliniambia, "Minye nakujua. Lakini sitakaa kwenye nyumba baba yangu hawezi kuingia. Ulete Docteur aseme mbele ya baba. Siku atasema, siku hiyo hiyo narudi. Hata nguo sitangoja zikauke."

Kazi yangu yote iliyobaki ikawa hiyo. Nilimfuata Docteur Kilembwe ofisini, nikasimama na ufagio wangu.

"Docteur, bufotoksini iko na nyumba ngapi?"

Hakucheka. "Funga mulango." Nikafunga. "Nikisema neno lile, wataniuliza nani aliruhusu magunia. Kapondo iko na kaka yake kwenye chama. Weye na minye tutalala wapi, Kaumba? Uko na nyumba ya Kampuni."

"Nyumba iko tupu, Docteur."

"Itajaa tena. Wanawake wanarudi."

"Huyu alisema namna ya kurudi."

"Nipe muda."

Nilimpa muda. Nilikwenda kwa Kapondo, akaniambia mimi ni mlevi wa mataputapu na kwamba magunia yameshakwisha, twende tukawaulize vyura. Nilirudi kwa Docteur. Nipe muda. Kila Jumapili nilimuona Mbuyi upande wa pili wa kanisa, na baada ya misa aliinua nyusi kidogo, akiniuliza. Nami nilitikisa kichwa, bado. Tulizungumza hivyo, mke na mume, kwa nyusi.

Halafu wakubwa wa mkoa wakaanza kusema mikutanoni kwamba Mkasai arudi kwao. Watu tuliokula nao, tuliosali nao, wakalala stesheni na magodoro na masufuria wakingojea gari moshi. Wengine hawakufika hata kupanda, walizikwa hapo karibu. Nilikwenda na unga na nikamkuta Mzee Ntumba amekaa juu ya sanduku lake. Alinitazama, akatazama pembeni. Hakunifukuza. Mbuyi akaja mpaka ukingo wa reli, amekonda.

"Amesema?"

"Nimetoka kwake sasa hivi."

"Sikuulizi umetoka wapi."

"Hajasema."

Akapokea unga. Kapinga alinikumbatia, mrefu kama mama yake. Mbuyi akasema, "Utaendelea kumuuliza?" Nikasema ndiyo. "Basi," akasema, "endelea." Gari moshi lilipoondoka alikuwa mlangoni, na nyusi zake ziliinuka mara moja.

Docteur Kilembwe alihamia Kinshasa bila kuaga, na huko nasikia alikufa. Kapondo ana duka. Mimi walinipumzisha kabla ya wakati, pamoja na wengine wengi, wakaniachia nyumba kwa kuwa hakuna aliyeitaka, bati lake limeoza. Laboratwari imefungwa. Nilichungulia dirishani: ubao umeanguka, umelala kifudifudi. Siku za mvua vyura wanapanda kutoka mferejini mpaka barazani, wananitazama, nami nawatazama. Hawana kosa. Maziwa yale walipewa ili wasiliwe.

Vijana, sikusoma kama ninyi. Kazi yangu nzima ilinifundisha maneno manne matano, na nimeyatunza yote. Kwa sababu aliyepaswa kusimama hakusimama, na mimi muko sasa sina tena matanga ya kunizuia, nasimama hapa. Wakasai wa Likasi mlioko Mwene-Ditu, Mbuji-Mayi, popote gari moshi lilipowashusha, mpelekeeni Mzee Ntumba maneno haya.

Mzee Ntumba, kama uko hai. Mbuyi. Kapinga. Ba-mama, ba-papa.

Kabanga, mwana wa Ntumba, fundi wa mitambo ya Koni, hakuwa na ugonjwa. Alipewa na économat ya Kapondo vyura wakavu waliokatwa vichwa ili wasijulikane. Magunia yaliruhusiwa na Docteur Kilembwe, ambaye hakushuka garini. Kabanga aliambiwa aloweke kama muhogo, akaloweka, kwa sababu alikuwa mtu anayesikia maagizo. Alikula mchana. Bufadienolidi ya chura, ile yenye mkia inayoitwa bufotoksini, haikutoka na maji wala na moto. Ilishika pampu za moyo wake. Alitapika, mapigo yakapungua, Docteur alilitaja jina la kitu hicho kitandani kwake na alimpa atropini iliyokuwepo. Kabla ya misa ya asubuhi moyo ulisimama. Alikuwa na shemeki yake. Neno lake la mwisho lililoeleweka lilikuwa, "Mwambie Mbuyi, minye njo nilizaliwa wa pili, lakini nimemutangulia."

Historia ya ugonjwa njo hii. Mwenye swali aulize. Niko Likasi, nyumba ile ile.